Neno la Mwandishi Haliguswi

Nyumbani kwetu Ibra, Oman, tulimwita Mwandishi, na jina hilo lilimganda hata alipokuwa ameacha kuwaandikia wengine na kugeuka mwongozaji wa filamu, kazi ambayo mwanzoni nilimsikia akiitukana asubuhi na jioni. Alikuwa na jina lake la Kijapani. Mama yangu alijaribu kulitamka, likamshinda, akasema ulimi wake umeshazeeka, hauwezi tena kujifunza kuruka kamba. Akaniuliza mgeni anafanya kazi gani. Nikamwambia anaandika hadithi za sinema. Basi, mama akasema, huyu ni Mwandishi, khalas.

Miaka hiyo ya tisini nilikuwa dereva na mkalimani wa kampuni iliyokodisha magari ya jangwani kwa wageni. Kiingereza nilikitoa shule Tabora, Kiarabu nilijifunza Oman kwa kuchekwa, na Kiswahili hakikunitoka kwa sababu mama hakukubali kusemeshwa lugha nyingine ndani ya nyumba yake. Kwa hivyo mgeni yeyote aliyetaka kuzungumza na watu, asiridhike na kupiga picha ngamia, nilikabidhiwa mimi. Mwandishi alikuja mara ya kwanza akiwa ametumwa na kampuni ya filamu ya kwao aitazame nchi, maana hadithi aliyoiandika ilikuwa na sehemu inayopita jangwani.

Alikuwa mtu wa umbo dogo, umri wa makamo, mwenye koti la mifuko mingi ambalo hakulivua hata joto la Julai. Siku moja alilisahau kwenye gari, nikalikunja, nikashangaa wepesi wake. Mifuko yote ilikuwa mitupu. Nilipomuuliza alijibu kwamba mwandishi hana chombo chochote cha kazi ambacho watu wanakiona, kwa hivyo ni lazima angalau aonekane kama mtu aliyebeba kitu. Alichukia kiyoyozi. Alikizima na kufungua dirisha, na tukifika Sinaw, mji wa mabedui ukingoni mwa jangwa, wote wawili tulikuwa tumegeuka rangi ya barabara.

Alikuwa na adabu nyingi, na adabu hizo nusura ziharibu heshima yangu. Mama alimfundisha kuamkia shikamoo. Alimweleza kwamba ndiyo salamu ya heshima, akasahau kumweleza kwamba ina mipaka. Basi Mwandishi akawa anamwamkia kila mtu: wazee, watoto, askari wa njiani, mabedui wa Sinaw ambao hawajasikia neno la Kiswahili maishani mwao. Alikuwa akiinama kiuno kabisa na kusema shikamoo, kisha anangoja. Mabedui waliamini kwamba hicho ni Kijapani. Miaka kadhaa baadaye nilipeleka kundi jingine la Wajapani katika soko la mifugo pale pale, nikamsikia muuza mbuzi mmoja akiwakaribisha kwa furaha, shikamoo, shikamoo, na wale wageni wakatazamana wakidhani ni Kiarabu.

Kilichomfunga Mwandishi na mama yangu ni soko la wanawake. Ibra kuna soko la Jumatano ambalo wanaume hawaingii, na Mwandishi alipoambiwa kuna mahali ambapo hawezi kuingia, pakawa hapo hapo ndipo anapotaka. Mama akajitolea kuingia kwa niaba yake. Sisi tukakaa garini. Mama alirudi na mfuko wa binzari, akamsimulia kwa muda mrefu mambo aliyoyasikia humo: mwanamke aliyenunua wanja wa kumpaka punda wake ili mumewe ampende punda, mke mwenza aliyeuza kitambaa kwa mke mwenzake bila kujuana kwa sababu ya barakoa, na mengine ambayo mimi, huku nikitafsiri, nilijua hayajawahi kutokea sokoni wala penginepo. Njiani nilimwambia Mwandishi kwamba mama huenda ametia chumvi. Alisema anajua.

"Anajua mahali pa kunyamaza katikati ya uongo," alisema. "Hilo halifundishiki."

Juu ya waongozaji wa filamu alikuwa na misemo mingi, na mwenye kiti cha mbele garini nilikuwa mimi, kwa hivyo niliisikia yote. Mwongozaji, alisema, ni mgeni aliyepewa chumba cha kulala, asubuhi anaamka na kusogeza ukuta. Mwongozaji ni mtu anayesoma neno "mvua" na kuuliza kama haliwezi kuwa upepo, maana mvua ni gharama. Aliandikia watu filamu nyingi kwao, na kila moja alikuwa anaikumbuka kwa neno lililobadilishwa, kama vile mtu mwingine anavyowakumbuka watoto wake kwa maradhi waliyougua. Imani yake ilikuwa moja tu: neno la mwandishi haliguswi. Ukitaka neno jingine, tafuta mwandishi mwingine.

Filamu ile iliyomleta Oman mara ya kwanza haikupigwa Oman hata kidogo. Baada ya safari zote zile, mwongozaji aliona vilima vya mchanga vya ufukweni kwao vinatosha. Hilo Mwandishi alilivumilia. Lakini mwisho wa hadithi mwanamke alitakiwa aseme "Sirudi," na mwongozaji akamfanya aseme "Nitarudi." Mwandishi alikwenda kuitazama siku ya kwanza, ukumbi umejaa. Watu walilia. Na yeye alilia, aliniambia, lakini si pamoja nao. Alipotoka mlangoni alikuwa ameshaamua kwamba filamu inayofuata ataiongoza mwenyewe, na itapigwa Ibra, na itakuwa filamu ya kwanza duniani ambayo mwandishi na mwongozaji hawagombani.

Alirudi na watu wawili tu, mpiga picha na msichana wa kunasa sauti. Koti lilikuwa lile lile, ila safari hii alikuwa amevaa kofia pana ya waongozaji, kofia ambayo mwaka uliotangulia aliniambia huvaliwa na watu wasio na kitu chini yake. Sikumkumbusha. Alikuwa amekodi nyumba moja katika mji wa kale, zile nyumba kubwa za udongo ambazo wenyewe walihama wakajenga nyumba mpya zenye madirisha ya alumini. Hadithi yake ilikuwa ya mama mzee aliyebaki peke yake mtaani baada ya wote kuhama, anayemngoja mwanawe aliyeko ng'ambo. Kisha siku moja anakuja kijana wa jirani na kumwambia kwamba mwana huyo amekufa.

Kwanza alimleta mwigizaji kutoka Maskati, bibi mmoja mwenye jina, aliyekuja na mpwa wake na sanduku la vipodozi. Bibi huyo aliona joto, akaona ngazi, akaona popo, akakumbuka kwamba ana harusi Maskati. Mwandishi alibaki na nyumba, kamera na mbuzi. Mama alikuwa anawaletea chakula cha mchana, na siku ile alikuwa amekaa uani, sinia la mchele mapajani, anachagua vijiwe. Mwandishi alimtazama kwa jicho la kamera muda mrefu hata chakula kikapoa, kisha akamwomba yeye awe yule mama mzee wa filamu.

Mimi ndiye niliyekuwa na wasiwasi. Ibra ni mji mdogo, na mama yangu ni mjane anayeheshimika. Niliona tayari maneno yatakayosemwa msikitini. Mama alinisikiliza, akasema yeye ni mtu mzima, waliobaki wa kumchumbia wote ni vipofu, na kukaa uani kuchagua mchele si dhambi akitazamwa na Mjapani au asitazamwe. Alitoa masharti yake: mtandio hautoki kichwani, adhana ikiita kazi inasimama, na hasemi Kiarabu. Kiarabu chake ni cha sokoni, na mtu hafiwi kwa lugha ya sokoni. Ndivyo filamu ya Kijapani, ya mama wa Kiomani, ilivyokuwa ya Kiswahili.

Mbuzi aliyebaki alikuwa na kisa chake. Katika hadithi kulikuwa na mstari mmoja: mbuzi mweupe anapita mlangoni. Mwandishi aliniambia kwamba mstari ule aliuandika akinywa chai, hakuinua hata kalamu. Basi kabla bibi wa Maskati hajafika tulikwenda Sinaw kumtafuta mbuzi mweupe, tena asiwe mweupe tu, awe na uso wa mbuzi anayejua jambo. Tulimpata. Tukamleta Ibra. Mbuzi alikula, alilala, alipanda ngazi, alimlia msichana wa sauti waya, alifanya kila kitu isipokuwa kupita mlangoni. Jioni ya siku ya pili Mwandishi alikaa chini kwenye vumbi na kofia yake.

"Yule mtu aliyeandika mbuzi," aliniambia, "ningemjua anakaa wapi ningekwenda kumpiga."

Huo ndio ulikuwa ugomvi wa kwanza baina ya mwandishi na mwongozaji katika filamu ile. Mbuzi alipita siku ya tatu, alipotaka mwenyewe.

Ugomvi wa pili ulikuwa wa maneno, na huo ulikuwa mkubwa zaidi. Kila usiku alinipa kurasa za kesho kwa Kiingereza, mimi nikazitia Kiswahili, na asubuhi nikamsomea mama. Mama alisikiliza vizuri, akasema amefahamu, kisha mbele ya kamera akasema lake. Mahali palipoandikwa "Nyumba hii inanikumbuka kuliko ninavyoikumbuka," mama alisema, "Huku ndani kuna siafu." Mwandishi aliniuliza kama amesema sawasawa. Nikamwambia hapana. Akamrudisha mwanzo. Mama akasema sawasawa neno kwa neno, na ilikuwa kama mtoto anayesoma ubao. Hata mpiga picha, asiyejua Kiswahili, alikunja uso. Mama aliniambia nimweleze mgeni kwamba maneno yake ni mazuri sana, lakini ni maneno ya mtu anayejua kwamba anasikilizwa, na mwanamke huyu yuko peke yake.

Kwa siku kadhaa hawakusemeshana ila kwa shikamoo na marahaba. Kisha asubuhi moja Mwandishi akaniita pembeni. Alisema kuanzia leo mama aseme apendavyo, na mimi nisimtafsirie. Akijua mama amesema nini, alisema, atakasirika, na akikasirika atamsimamisha, na akimsimamisha mama atakuwa mbaya. Nilifurahi. Nilidhani ameshindwa kistaarabu. Nilikuwa bado simjui.

Roho ya filamu ilikuwa hotuba ya mama anapopata habari ya msiba. Zilikuwa kurasa mbili, na Mwandishi aliniambia aliziandika kwa majira ya baridi mazima. Hotuba hiyo peke yake ndiyo aliyotaka isemwe kama ilivyo. Niliitafsiri kwa bidii. Ilikuwa na mstari ambao hata mimi niliuona mzuri: "Mimi nilikuwa nyumba, wewe ulikuwa mlango. Sasa nitokee wapi?" Nilimsomea mama akiwa anakaanga kahawa. Alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza, huyu mama ameambiwa lini kwamba kafiwa. Nikamwambia sasa hivi, hapo hapo.

"Na pumzi ya kusema yote hayo kaipata wapi?" aliuliza mama.

Nilimpelekea Mwandishi swali hilo. Akajibu kwamba katika sinema watu wana pumzi.

Lipo jambo ambalo Mwandishi hakulijua. Mimi nilikuwa na kaka. Alikufa kwa homa Tabora akiwa mtoto, akazikwa huko, na miaka kadhaa baada ya hapo baba akapata nafasi ya kurudi Oman, tukaja. Mama hakuwa akimtaja. Hakumtaja kwetu, hakumtaja kwa majirani, na mimi nilikuwa mdogo kiasi kwamba namkumbuka kwa sauti ya kukohoa tu chumba cha pili. Si jambo la kumwambia mgeni, na sikumwambia.

Siku ya hotuba mama alikaa uani na sinia lake. Kijana wa jirani akaingia, akasimama, akasema maneno yake ya kuleta habari, akatoka. Mkono wa mama ukasimama juu ya mchele. Tukangoja. Mama alikuwa anatazama ukuta, si kwa huzuni, bali kama mtu anayepima kitu kilicho mbali. Hakulia. Kimya kilikuwa kirefu hata nikadhani amesahau. Kisha akasema, kwa sauti ya kawaida kabisa:

"Majani yatakuwa yameshafika kiunoni. Nani anampalilia?"

Akarudi kuchagua mchele.

Ibra makaburi ni changarawe na mawe mawili. Hapaoti jani juu ya wafu, na juu ya walio hai pia ni tabu. Lakini Tabora mvua za msimu mmoja tu zinatosha kulificha kaburi la mtoto. Nilikuwa nimesimama mlangoni, na nilishukuru kwamba niliamriwa nisitafsiri, maana nisingeweza. Mwandishi hakusema simama. Kamera iliendelea mpaka filamu ikamalizika ndani yake. Kisha alikwenda mbele ya mama, akainama, na mama akamuuliza kama wamemaliza, kwa sababu mchele ule ni wa leo.

Filamu ilimpa Mwandishi jina. Ilipata tuzo huko Ulaya, na gazeti moja la Kiingereza alilonitumia lilisema kwamba mwandishi huyu aliyejulikana kwa wingi wa maneno amejifunza kimya kutoka jangwani. Jangwani hatukwenda ila kununua mbuzi. Baadaye ikaja kanda ya video yenye maandishi ya Kiingereza chini ya picha. Tuliitazama sebuleni, mama na majirani zake wanawake, mimi nikiwa karibu na mlango kuwasomea. Majirani walizitambua nyumba zote na kumtaja kila aliyewahi kuzikaa. Mama alijitazama kwa muda, akasema, kumbe kazi yote ile nilikuwa natazama ukuta.

Mimi nilikuwa nasoma chini. Mama kwenye kioo alisema kuna siafu, na chini paliandikwa, "Nyumba hii inanikumbuka kuliko ninavyoikumbuka." Mama alilalamika juu ya goti, na chini palikuwa na habari za upepo na wakati. Ilikuwa hadithi yake yote, neno kwa neno, kama alivyonipa niitafsiri. Mwandishi hakushindwa hata siku moja. Alimwacha mama aseme atakalo kwa sababu alijua kwamba mahali filamu inapokwenda hakuna atakayemfahamu. Hatimaye alikuwa amempata mwongozaji asiyeligusa neno lake.

Ilipofika hotuba sikutaka kusoma, lakini mama aliuliza. Nikamsomea: "Mimi nilikuwa nyumba, wewe ulikuwa mlango. Sasa nitokee wapi?"

"Maneno mazuri," alisema. "Ya nani?"

"Ya Mwandishi."

Majirani walikuwa wanafuta machozi kwa pembe za mitandio. Mama aliomba nirudishe kanda nyuma, pale mbuzi anapopita.

Mwandishi alipiga simu baada ya wiki chache kuuliza mama ameionaje. Nilimwambia ameipenda, hasa mbuzi. Akacheka. Kisha nikamwambia, bila kupanga, kitu mama alichokisema siku ya hotuba, na kwamba hakikuwa cha hadithi. Aliniuliza majani gani. Nikamweleza Tabora, mvua, kaka yangu. Kisha akashukuru kwa adabu zote za kwao, akakata.

Tukapotezana. Habari zake nilizisikia kwa wageni wa Kijapani: alitengeneza filamu nyingine mbili, na kwa kuwa sasa alikuwa mtu wa kimya alizijaza kimya mpaka watazamaji wakalala, na walioamka waliandika vibaya. Mimi niliacha kuendesha wageni, nikafungua duka la matairi pamoja na shemeji yangu, watoto wakakua. Mama miguu ilimchoka, akawa wa kitandani na kwenye kiti cha kibarazani.

Katika miaka ya elfu mbili, siku ya kipupwe, gari la kukodi lilisimama mbele ya duka, akateremka Mwandishi. Koti hakuwa nalo, wala kofia. Alikuwa mzee mwenye shati jeupe. Aliniamkia shikamoo, nami nikaona haya, nikaitikia.

Njiani kwenda nyumbani alinieleza kwamba amerudia kuandika, tamthilia za televisheni za mchana, za kutazamwa na watu wanaopiga pasi. Wanabadilisha kila neno, alisema, na alisema bila hasira, kama mtu anayeeleza hali ya hewa. Kisha akasema kilichomleta. Tangu siku ya simu ile alikuwa akijaribu kuyabadilisha maandishi ya filamu, mahali pamoja tu. Alitaka pawekwe majani ya mama. Wenye filamu wakakataa. Mstari wa nyumba na mlango ulikuwa umeshakuwa maarufu, umechapwa juu ya jalada, watu wanausoma kwenye mazishi. Alikwenda mara nyingi. Mara ya mwisho alipokelewa na kijana mmoja wa kampuni, mwenye heshima sana, aliyemwambia kwamba wao wote pale wamelelewa katika mafundisho yake, na kwamba neno la mwandishi haliguswi, hata na mwandishi mwenyewe.

Alicheka aliponiambia hayo. Nami nilicheka.

Mama alimtambua. Walikaa kibarazani na kahawa na tende, na baada ya habari za afya Mwandishi akaweka kikombe chini, akaniomba nimwambie kwamba alimtia kinywani, mbele ya watazamaji wote, maneno yasiyo yake, juu ya maneno aliyoyasema kwa mtoto wake, na kwamba alijaribu kuyaondoa, hakuweza. Anaomba radhi.

Nilidhani mama ataniuliza maneno gani, umri ule alikuwa anasahausahau. Lakini alikuwa anakumbuka vizuri.

"Mwambie asijisumbue," alisema. "Sikuwa nasema na wao."

Nilimtafsiria. Aliomba nirudie, nikarudia. Akakaa ameinamisha kichwa, na midomo yake ilikuwa ikitembea kidogo, anaujaribu mstari ule kwa lugha yake. Nilimjua kwa miaka mingi, nilijua anafanya nini. Kisha akainua uso akaniuliza, kwa sauti ndogo, kama mama ataruhusu auandike.

Nikamuuliza mama.

Mama akasema hapana, akamwongezea kahawa.